Filamu Saba za Aikande

Ya kwanza, nilimenya ndizi dakika kumi na moja,
stesheni ya Moshi, kando ya reli iliyoota magugu.
Hakuna kilichotokea.
Ndiyo hadithi yenyewe, alisema mwongozaji.

Ya pili, nilitembea kinyumenyume toka Pasua hadi Njoro.
Watoto wakanifuata, nao kinyumenyume;
mbwa mmoja tu, mwenye akili timamu, akanibwekea.

Ya tatu ni kisogo changu.
Ya nne, sauti. Ikafutwa.

Mama huuliza: humo utaolewa lini,
au basi utakufa,
tujue imekwisha?

Malipo huja kwa simu, elfu ishirini, toa makato.
Napunguza deni la Mangi wa kona.

Jana, Kiboriloni, muuza mitumba alinikazia macho.
“Nimekuona mahali.”
Nikangoja.
“Kwenye shuka, walipoonyesha sinema kule Majengo.
Ulimenya ndizi. Moja ikakuponyoka,
ukaiokota, ukaipuliza vumbi,
vilevile kama marehemu mke wangu.”

Ile ndizi haikuandikwa popote.
Iliteleza tu; vidole vilikuwa na utomvu.

Akanipunguzia blauzi,
buku nzima.