Kilomita Kumi na Moja

Kisanduku kimelia. Saa zangu tisa zimekwisha,
na ile ya kumi, ya nyongeza, niliila jana na juzi
kwenye foleni ya Wrocław, nyuma ya lori la nguruwe.
Nimeegesha nje ya Kalvarija,
kati ya pipa la taka na dereva wa Latvia anayekoroma.
Nyumbani ni kilomita kumi na moja.

Ningefika kabla chai haijapoa:
mzunguko mmoja, kivuko cha reli, kisha lango
ambalo bawaba zake nimeahidi kuzipaka mafuta tangu Pasaka.
Lakini kadi yangu imo ndani ya kisanduku,
na kisanduku hakina shemeji wala jirani.

Nimempigia Genovaitė. "Nalala njiani tena."
Kimya. Nikasikia sufuria ikiteguliwa.
"Umebeba nini safari hii?"
"Masinki ya vyoo, mia mbili na kumi."
"Na nani ataiba masinki ya vyoo?"
Si masinki, mke wangu, ni dizeli. Juma lililopita
huyu wa Latvia walimnyonya tangi zima, naye ndani anaota.

Vijana wanaitukana sheria hii. Nami niliitukana.
Enzi zile tulikuwa na sumaku,
ndogo, kama kipande cha sabuni ya hoteli.
Ukiibandika kwenye giaboksi, chombo kinachora kitanda:
gari linakwenda tisini, wewe kwenye karatasi umelala.
Nimewahi kulala hivyo kutoka Lyon hadi Poznań,
nikiimba, nikijizaba vibao, nikijimwagia maji ya chupa kisogoni,
nikiwapisha farasi weupe
barabarani ambapo hapakuwa na farasi.

Gintautas naye alikuwa amelala hivyo
usiku ule daraja lilipomwachia, karibu na Augustów.
Mimi ndiye niliyeitwa kumtambua, kwa koti.
Askari akanionyesha utepe wa karatasi,
akaufuata kwa kidole, polepole, kama asomaye barua ya mtu:
kitanda.
Kitanda.
Kitanda.
Wakanikabidhi saa yake ya mkononi, na sumaku.
Saa nilimpa mjane.
Sumaku iko jikoni kwetu, mlangoni mwa friji,
imeshikilia bili ya umeme. Genovaitė hajauliza ilikotoka.

Saa nne kasoro robo. Taa mbili zinakata kona,
moja hafifu kuliko mwenzake: Opel yetu.
Anapanda na sufuria iliyofungwa taulo,
analalamikia ngazi, soksi zangu, harufu.
"Mpaka saa ngapi?"
"Saa mbili asubuhi. Kabla ya hapo sina faida kwa mtu yeyote."
"Hilo nalijua," anasema, akitafuta kijiko.

Anakitazama kisanduku, mwanga wake wa kijani.
"Na mimi kinaniandika?"
"Wewe hakikujui."
Anakaa kimya kidogo, kisha anakigeuzia mgongo.

Tunakula. Juu ya vichwa vyetu kinachora kitanda,
na kwa mara ya kwanza juma hili nakionea haya:
bado tumekaa, supu ni ya moto,
na hakuna mwenye usingizi.