Daftari la Kocha Pelkonen

Saa kumi na moja alfajiri, Timmins, nyuzi thelathini chini ya sifuri,
nazungusha mashine yangu, naifuta barafu kama ubao wa darasa,
na yeye yupo tayari, kwenye benchi la chuma:
Doreen Pelkonen, kofia ya sufu, kahawa ndani ya chupa ya chai,
filimbi ameificha kwapani isije ikamgandia mdomoni.
"Habari, Bili," hunisalimu,
kana kwamba mimi ni deni la umeme.
Mbilinyi limemshinda miaka kumi na minne,
nami sijamsahihisha. Aliyelala saa nne
asibebeshwe konsonanti.

Nimetoka Makete. Nilidhani naijua baridi.
Umande ukiganda juu ya viazi tulisema leo kumekucha vibaya.
Hapa kope hugandana, na watoto wa miaka tisa
wanashuka garini wakiburuta mabegi makubwa kuliko wao
wakija kufundishwa nini?
Kuanguka.

Ndiyo, somo la kwanza ni hilo.
Gongo chini, goti, ubavu, haya, simama.
Wiki nzima hakuna kisahani, hakuna goli,
wazazi kule juu wanaguna, wamelipa ada,
yeye hana habari. Tena. Tena.
"Vizuri, Luc, sasa umeanguka kama mtu."
Nikamtafsiria siku moja: kwetu, kujikwaa si kuanguka,
bali ni kwenda mbele.
Akawaza, akapangusa pua.
"Aliyetunga hajawahi kuvaa viatu vya makali."

Aliingia kwa bahati mbaya ya mwingine.
Kocha alikuwa kaka yake; mgodini jiwe likamvunja nyonga,
Jumamosi ile timu ikabaki yatima,
naye, karani wa posta, akasema: mechi moja tu.
Mechi moja hiyo ina majira thelathini na moja ya baridi.
Mshahara, kuponi za petroli,
na kila Krismasi kikombe kipya chenye maneno yale yale.

Sitadanganya kwamba walishinda.
Kapuskasing walipigwa tisa bila,
na wakati wa kurudi dhoruba ikalizuia basi kando ya barabara hadi asubuhi.
Kila nusu saa aliwahesabu gizani kwa kugusa vichwa.
Kipa alilia. Akamwegemeza begani:
"Umeokoa mashuti arobaini na mawili. Nilihesabu."
Nami nilihesabu. Yalikuwa ishirini na kitu.
Hapo pia sikumsahihisha.

Sudbury walimwita, timu ya vijana wakubwa,
mshahara wa kweli, koti lenye nembo.
Akaenda siku tatu, akarudi, sababu hakuitoa.
Wengine husema ni mama yake. Wengine,
kwamba huko mtoto hupimwa mabega kwanza, jina baadaye.
Mimi nilimwona Alhamisi ile amepiga magoti
akikaza kamba za viatu, pea kumi na saba,
kwa vidole vilivyokwisha kupinda.

Vijana wake? Mmoja fundi umeme, mmoja anauza matairi,
mmoja yuko jela na humwandikia barua.
Kwenye televisheni hajaonekana hata mmoja.
Ana daftari la bluu, majina mia nne na kumi na mawili,
na mbele ya jina hakuna magoli, kuna tarehe:
siku mtoto alipoinuka bila kushikwa mkono.

Jana kamati imemletea barua, karatasi nzito, nzuri.
Wanamshukuru. Wanataka mwenye cheti.
Akaisoma, akaikunja mara nne,
akaisokomeza chini ya mguu wa benchi linaloyumba.
Kisha akanigeukia.
"Bili, zima hiyo mashine. Una miaka mingapi?"
Hamsini na mitatu.
"Namba ya kiatu?"

Niliacha kuhesabu nilipofika kumi na moja.
Ubavu wangu unauma hadi sasa ninapoandika.
Alfajiri hii daftari lilikuwa wazi juu ya benchi,
mstari wa mwisho, wino haujakauka:
M kubwa, kisha b, kisha l. Amekosea herufi mbili.
Mahali pa tarehe ameacha wazi.