Mikono, Elfu Kumi na Tano

Lushinge alikufa mara ishirini na mbili kabla hajafa.
Nilizihesabu mimi, kwenye kibanda umiza cha Mabatini,
kiingilio mia mbili, benchi la ubao, feni bovu.
Alipigwa risasi, akalishwa sumu, akaangukiwa na ukuta,
na kila mara ilikuwa sehemu ya kwanza,
kwa hiyo sehemu ya pili hawakumlipa.

"Sura yangu ni ya marehemu," alinitania
akiniletea suruali nipunguze kiuno.
Cherehani yangu iko Makoroboi, chini ya jabali.
Njaa ilikuwa imeshampima kabla yangu.

Alipochoka kufa, wakampa daftari: atafute sura.
Akatembea nalo Mlango Mmoja, Igoma, gati la Kamanga,
akiandika kwa wino wa kijani:
*Muuza nyanya, anacheka kwa pua. Anafaa uhakimu.*
*Kinyozi, hana haraka. Muuaji.*
*Dada wa foleni ya maji, Nyegezi. Yeyote, popote.*

Siku ya usaili, Nyakato, watu mia tatu
walikuja na machozi yao tayari,
wengine na kitunguu ndani ya leso.
Yeye hakutaka machozi.
Hesabu chenji, aliwaambia. Subiri kivuko.
Funga mlango ambao komeo lake limekufa.
Waliolia aliwashukuru, akawapa nauli.

Mimi sikwenda. Akanifuata kwenye cherehani.
"Holo, kuna mama analetewa habari ya mwanawe.
Maneno matatu tu."
Nikamwambia maneno hayo niliyasema bure,
mwaka ule, Bugando, dirishani mwa wodi,
sitayarudia kwa pesa.
Akanyamaza. Lakini hakuondoka.
Alikaa akinitazama nikikunja kitambaa cha mteja
ambacho kilikuwa kimeshakunjwa.

Filamu ikatoka. Mabatini, benchi lilelile.
Mama wa kwenye kioo anapokea habari, halii.
Anachukua shuka lililokunjwa, analikunjua,
analikunja, pembe kwa pembe,
analilaza kwa ubavu wa kiganja,
kidole gumba kikirudi nyuma kidogo,
kidole changu!
Nikasimama.
"Kaa chini, mama, unatuziba."

Kesho yake nikapanda Isamilo, ziwa likichungulia kati ya mabati,
pumzi imeniishia, tusi limebaki.
"Mwizi wewe."
Hakubisha. Akatoa noti mfuko wa shati, si za kampuni,
akafungua daftari, na chini ya majina ya waigizaji
akaandika mbele ya macho yangu:
*Mikono. Elfu kumi na tano. Amelipwa.*
Nikasaini.

Nilinunua bobini na mafuta ya cherehani.
Sanda yake hawakuniletea; ilitoka dukani tayari.

Siku hizi nikikunja kitambaa cha mteja
nasita kwenye kona ya mwisho,
sijui anayekunja ni mimi
au ni yule mama.