Mkono wa Kushoto

Kiwandani kwa Abílio hatuumbi watakatifu;
hao hutoka Uchina wamelazwa makashani,
wamevishwa nailoni yenye malengelenge.
Sisi tunaumba viungo:
mguu, titi, tumbo, moyo,
nta ya njano, yuro nne kipande,
kichwa tano, maana kichwa kinakula nta.

Mahujaji huvinunua mlangoni,
huvipeleka uwanjani penye moto wa mishumaa,
huvitupa humo wakitaja jina la mgonjwa.
Nta huyeyuka, hushuka mferejini.
Alfajiri Hermínio huizoa kwa ndoo,
huturudishia nyeusi, ina tambi na nzi.
Tunachuja. Tunaumba upya.
Goti la jana ni titi la leo.
Mteja hajui, wala hajauliza.

Mei iliyopita, mvua imekazana,
alikuja mzee kutoka milimani,
viatu vya turubai vimelowa chepechepe,
akataka mkono wa kushoto.
Nikampa mkono. Akaugeuzageuza.
“Huu wa kulia.”
Kweli. Kalibu yetu ni moja
tangu enzi za baba yake Abílio,
na miaka yote hiyo hakuna aliyetazama
kidole gumba kiko upande gani.
Nikamwambia, Bikira ataelewa.
“Yeye ataelewa,” akasema. “Mke wangu je?”

Nikakanda udongo.
Nikapaka mafuta mkono wangu mwenyewe,
wa kushoto, wenye kidole kisicho na ncha
(mashine ya dagaa, Peniche, nina miaka kumi na tisa),
nikaukandamiza, nikahesabu mpaka mia mbili.
Mzee alisubiri amesimama, anatafuna mkate mkavu.
Nta ilipoganda akalipa yuro nne,
akauficha ndani ya koti, akatoka.
Hakurudi kutuambia lolote.

Sasa kalibu ni mbili.
Abílio ameongeza ubaoni kwa chaki: KUSHOTO PIA.
Unauzika. Hakuna aliyelalamikia kidole.

Nikitoka zamu hupita uwanjani,
ndiyo njia ya mkato ya kituo cha basi,
na huuona juu ya lundo, kiganja wazi,
kama naomba chenji yangu.
Huanza kuinama kwenye vidole, taratibu,
na mwanamke nisiyemjua
anauombea kwa jina la mtu mwingine.
Sisimami. Basi la saa mbili halingoji mtu.

Ila nikishakaa, mfuko mapajani,
huukunja mkono huu, huukunjua,
mara tatu, mara nne,
nione kama bado unafunga.