Maandishi ya Chini

Walikuja na taa tatu, na nyaya nyeusi
zikatambaa sebuleni kwangu kama tandu.
Wakasema: Bi Shinuna, sahau kama sisi tupo.
Nikawaambia: mgeni husahaulika
akishakunywa kahawa. Nyinyi hamjanywa.

Kipindi chenyewe chaitwa Vizazi Viwili.
Siku saba. Mjukuu atoe simu,
bibi atoe funguo za jiko,
kila mmoja aishi maisha ya mwenziwe,
na Ijumaa usiku watu wakae Maskati na Salala
watutazame tunavyopatana.
Mshindi hupewa friji.
Friji ninazo mbili.

Muznah ana miaka kumi na saba
na kucha za rangi ya zambarau.
Mimi na yeye hapa Al-Khoudh twazungumza Kiarabu cha kuazimana:
changu kina mapengo, chake kina haraka.
Kiswahili changu nakiweka kwa dada yangu Thuwaiba, yuko Ibra,
kila baada ya Alasiri, kwenye simu,
sauti juu, mlango wazi,
kwani nani wa kunisikia?
Wanangu walisema: mama, lugha tatu zitamchanganya mtoto.

Basi nikamsema.
Nikasema huyu mtoto kakauka kama papa wa ng'onda.
Hasalimu mpaka akumbushwe, anakula amesimama kama punda.
Nikasema, dada, nadhani hanipendi,
nami, Mungu anisamehe,
kuna siku simpendi.
Mlango wazi.

Siku ya pili walinipa simu yake, nicheze mbele yake.
Nikacheza. Nyonga hizi zimezaa sita.
Bwana Haitham, mwenye kipindi, akasema:
tena, bibi, lakini safari hii uone haya kidogo.
Haya gani, mwanangu?
Zangu nilizimaliza mwaka niliohama Unguja.

Siku ya nne Muznah akapika mikate ya kumimina.
Ikaungua. Haitham akafurahi
kama mtu aliyepata posa.
Mgombeze, bibi, akanongʼona.
Nikauchagua uliokuwa mweusi kuliko yote
nikaula wote, polepole, na chai.
Wakaomba chozi.
Biju, mshika kamera, mtu wa Kerala,
akasema betri imekwisha.
Taa yake nyekundu ilikuwa bado inawaka, niliiona.

Ijumaa tukajaa majilisi, watu kumi na wanane na sinia la halwa.
Nikajiona. Kumbe nimekuwa mfupi hivi!
Niko jikoni, nimemshika Muznah kichwa
unga umenijaa mikononi,
nasema kwa Kiswahili, maana sikuwa na kingine wakati ule:
huyu ni mboni ya jicho langu.
Na chini, kwa Kiarabu, maandishi meupe yakapita:
huyu ananikodolea macho.

Watu wakacheka. Hata mimi nikaanza kucheka.

"Sivyo!"
Muznah kasimama, sahani imemwangukia miguuni.
"Sivyo alivyosema! Kasema mimi mboni ya jicho lake.
Mboni! Hawa watu hawajui kitu!"
Kwa Kiswahili.
Kiswahili kilichonyooka, cha Unguja, changu mimi,
na kile kikohozi changu kidogo kabla ya neno zito.

Nyumba ikanyamaza, kiyoyozi peke yake kikaendelea kuguna.
Nami nikawa nahesabu:
Alasiri ngapi, miaka mingapi.
Papa. Punda.
Kuna siku simpendi.

"Umejifunza wapi?"
"Mlangoni."

Friji ilikwenda kwa watu wa Sohari,
walilia vizuri kuliko sisi.
Kesho yake Thuwaiba akapiga, saa ile ile.
Nikautazama mlango.
Yupo kizingitini na kipande cha mkate,
amekaa chini, miguu kaikunja,
anatafuna bila kuniangalia.

"Haya bibi," akasema, "nisengenye.
Lakini leo nitajibu."