Sekunde Kumi na Moja

Alikuja Kilembe na begi moja na goti bovu,
Siksten Halgren, miaka sabini na minane,
akauliza getini nyumba ya Thembo Kalisya.
Askari akamjibu: Kalisya ni marehemu,
ila bintiye yupo, mwalimu wa hesabu,
kule juu ambako mto haukufika.

Nikampa kiti na chai ya tangawizi.
Kiswahili chake kilikuwa cha mgodini, cha mwaka sabini na moja,
kimelala stoo muda wote huo, kina kutu, bado kinakata:
"Mimi napiga picha. Baba yako iko ndani ya picha yangu."

Akanisimulia maisha yake kama anayetoa maelezo polisi.
Mtoto wa mchimba chuma wa Kiruna,
ambako jua huaga Desemba likarudi Januari,
hivyo baba yake alitoka gizani
akaingia gizani.
"Ndiyo maana napenda taa."

Televisheni ya kwao ilimtuma kwetu
alete dakika arobaini za shaba na jasho.
Kisha akapanda cheo:
miaka tisa ya askari wa kuigiza,
kila Jumapili usiku maiti mmoja thelujini;
kipindi cha watoto, chenye bata wa kitambaa;
wake wawili, wote wahariri wa filamu,
na wote, alisema, walimkata mwishoni.
Tuzo ya kioo, ikavunjwa na paka.
Filamu ya mwisho aliiuzia nyumba,
ikatazamwa na watu mia tatu na kumi na wawili.
Hakuzungusha hesabu. Hapo nikaanza kumpenda.

Akatoa kopo la ugoro wa kwao, bapa, la duara.
Ndani, ukanda wa filamu uliojikunja kama jongoo.

"Kalisya alitoka chini, taa kichwani, vumbi usoni.
Nilishamwambia asitazame kamera.
Akatazama. Akacheka.
Mkubwa wangu Stokholm akasema: mchimbaji hacheki.
Nikakata.
Sekunde kumi na moja."

Picha ishirini na tano kila sekunde:
mia mbili sabini na tano, nikajibu, ingawa hakuuliza.

Tukauinua ukanda dirishani.
Mafuriko yalibeba picha ya baba, ya pekee, na ukuta wake,
na sasa huyu hapa, mdogo kama ukucha wa kidole cha mwisho,
rika la kifungua mimba wangu,
ana pengo.
Sikujua kama baba alikuwa na pengo.
Nilizaliwa akiwa ameshajifunza kufunga mdomo,
kama watu wengi wa miaka ile.

"Alicheka nini?"

Mzee akakoroga chai isiyo na sukari.
"Mimi. Nilitumbukia mtaroni.
Maji mpaka hapa. Kamera juu. Nikaendelea kupiga."

Basi hukumkata Kalisya peke yake, nikamwambia.
Ulijikata na wewe.

Alinyamaza mpaka chai ikapoa.
Halafu akaniambia Kiruna nako wanahama,
mgodi umekula sakafu ya mji,
na kanisa watalibeba zima, bila kulibomoa.
Nikamwonyesha Nyamwamba kutoka mlangoni,
na mawe pale ilipokuwa shule yangu ya awali.
Sisi hatukubebewa kitu, mto ulibeba wenyewe.
Akacheka, akajishika goti.

Hakuna mashine ya kuuzungusha ukanda huu hapa.
Nauvuta kwa vidole mbele ya dirisha,
taratibu, na taya la baba linashuka nukta kwa nukta.

Jumatatu niliandika ubaoni, darasa la sita:
Mtu amecheka kwa sekunde kumi na moja.
Kamera inachukua picha ishirini na tano kwa sekunde.
Je, ni picha ngapi?
Madaftari yakafunguka, kalamu zikaanza kukwaruza,
isipokuwa ya Kabugho, wa dawati la nyuma,
aliyenyoosha mkono:
"Mwalimu, anacheka nini?"