Damu Isiyo Yangu

Kazi yangu ilikuwa damu.
Shira nzito ya sukari, rangi nyekundu ya keki,
na kijiko kimoja cha kakao,
maana bila kakao damu hung'aa kama peremende.
Kila alfajiri nilichemsha sufuria tatu
katika jiko la nyumba ya wageni, Genova, mwezi wa Februari,
huku mwenye nyumba, mama Argia, akininung'unikia gesi yake.

Kisa chenyewe utakijua hata kama hukuiona filamu:
mhasibu wa bandarini, mpole, mdomo mzito;
mkewe anauawa kwenye foleni ya posta;
polisi wanaandika, wanafunga jalada, wanakunywa kahawa.
Basi mhasibu anatafuta bastola
na kuanza kutoa watu,
mmoja mmoja,
kwenye hesabu ya mji.

Mwigizaji wetu aliogopa mlio.
Kila risasi alifumba macho kama mtoto anyweshwaye dawa,
ndipo tukamvika miwani meusi.
Magazeti yakaja kusema: tazameni moyo wa barafu.

Bonfante, mwongozaji, hakuwa na kibali.
"Vibali ni vya wenye fedha," alisema. "Sisi tunaiba barabara."
Kamera akaificha ndani ya gari la dobi,
ikachungulia kati ya mashuka.

Na Nevio, mchomeleaji aliyeachishwa kazi kiwandani kwa meli,
alikufa kwetu kwa lira elfu nane kila kifo.
Wiki ile alikuwa ameshakufa mara nne:
na masharubu, bila masharubu, na kofia, chali kwenye ngazi.
Niliijua shingo yake kabla sijalijua jina lake.

Alhamisi akapokonya mkoba, kama ilivyoandikwa.
Akateremka mbio kichochoroni, kama ilivyoandikwa.
"Mwizi!"
Hilo halikuandikwa.

Muuza misumari akatoka dukani
na kile chuma cha kuvutia mlango wa kukunja.
Pigo moja.
Kisha wengine, wengi, na vitunguu vyao vikapuni;
mama mwenye kigari akapiga teke,
akainama, akamfunika mwanawe blanketi vizuri.

Ndani ya gari, Bonfante alimwambia mpiga picha:
"Usizime."

Nilikimbia na chupa yangu mkononi, nikipiga kelele,
ni sinema, ni sinema jamani, ni sinema!
Mikono ikashuka. Muuza misumari akakitazama chuma
kama kitu alichoshikishwa na mpita njia.
Akafuta paji la uso. Akaniuliza, kwa sauti ya chini:
"Nitaonekana?"

Alionekana. Anaonekana hadi leo.
Kule Roma, kwenye chumba cha sauti, mtu alilipiga kabichi kwa rungu
mpaka likatoa mlio wa mfupa,
na siku ya kwanza ukumbi ulisimama ukashangilia
hapohapo, kwenye kichochoro.
Nevio alilipwa kifo cha tano, maradufu.
Sikio la kushoto halikurudi.

Usiku wa jana wameionyesha kwenye televisheni.
Mjukuu wangu, mdomo umejaa biskuti, anazisifu damu zangu:
ya posta, ya ngazi, ya gereji.
Ikafika ile.

"Hii mmeikosea, bibi. Nyepesi mno. Haidanganyi mtu."

Kweli, nikamwambia.
Haikutiwa kakao.